Geti ya Masika

Kabugho wangu,

Salamu zangu utazipata kesho kwa mdomo, na za majirani utapewa njiani mpaka uchoke. Hapa nimekaa kuandika yale ambayo mdomo wangu hauyawezi, maana kila nikianza kuyasema mbele yako nayageuza, naishia kukuuliza kama umekunja nguo. Habari ya nguo, ya chakula na ya marafiki wabaya sitaiandika. Akili unayo, na huko kaskazini kwenye chuo cha askari wa wanyama hawatakosekana watu wa kukupigia kelele.

Nakuandikia habari ya wivu wangu. Usicheke. Najua kijiji kizima kinaujua, hata wanawake wa Kongo wanaovuka na samaki pale Mpondwe wanaujua. Lakini wewe umeusikia kwa watu, na watu wakisimulia kitu cha mtu hukitia chumvi. Heri ukipate kwa mwenyewe.

Baba yako alipofariki tukatolewa kwenye kambi ya jeshi, wewe ukiwa bado mgongoni, nilinunua shamba hili kwa mafao yake, huku chini ya Bwera ambako mashamba yanapakana na mbuga. Watu walinionya kwamba bei ni nafuu kwa sababu ya tembo. Nikawajibu kwamba nimeishi na wanajeshi miaka mingi, tembo atanifanya nini. Nilichosahau kukipigia hesabu ni kwamba ng'ambo ya korongo alikuwa ameolewa mdogo wangu Biira.

Unajua kwetu jina linakuja na zamu ya kuzaliwa. Binti wa kwanza Masika, wa pili Biira, wa tatu Kabugho kama wewe uliyewafuata dada zako walioolewa mbali. Mtu akisikia majina yetu tu anajua nani atangulie kunawa mikono. Lakini mama yako mdogo, ingawa ananiita Yaya, yaani dada mkubwa, hakuzaliwa kungoja zamu. Tukienda kuteka maji, mimi nabeba mtungi na yeye anabeba sifa. Akiimba kanisani watu wanageuka. Nikiimba mimi, wanatafuta ukurasa. Aliolewa kabla yangu, na siku ya harusi yake mama alinipa kazi ya kuchochea moto. Nilichochea vizuri sana, chakula kikaungua.

Basi ikaja pesa ya geti. Wewe sasa utakuwa mtu wa serikali, utaijua kwa jina lake refu, sisi tunaiita hivyo tu. Wageni wanaokuja kutazama simba wanalipa pale getini, na sehemu ya malipo hayo serikali inaturudishia sisi tunaokaa mpakani na mbuga, tufanye kazi ya wote. Ni haki yetu, maana wanyama wale wanalindwa huku wakila mihogo yetu. Ila pesa ya namna hiyo ina ugonjwa wake. Ya mtu binafsi ukiiona unasema ameitolea jasho. Ya wote, kila mmoja anaiona ikielekea kwa jirani.

Tulikutana ndani ya kanisa kuamua. Wote tulikubaliana kwamba ni handaki, refu na la kina, tembo asivuke. Hapo hakuna aliyebisha. Kisha Biira akasimama na kile kitenge chake cha njano.

"Mimi naona tuanzie kule kwetu," akasema. "Kule iko mutelemuko, maji ya mvua itatoka yenyewe. Tuende pole pole mpaka kwa Yaya. Pesa ikiisha, tutamalizia ingine ikikuya."

Lilikuwa neno la akili. Hata mimi niliona ni la akili, na ndilo lililonikera. Nikasimama kabla hajakaa.

"Kila siku kwa Biira! Kwani tembo zinakula kwake peke yake? Mimi mujane, mihogo yangu iko inalia!"

Watu wa upande wetu wakapiga makofi. Wa upande wao wakazomea. Mwenyekiti wa kijiji, mtu mpole asiyependa jasho, akafuta uso na leso.

"Basi tutafanya hivi," akasema. "Tuchimbe upande zote mbili, tukutane katikati. Hakuna mutu atasema ameonewa."

Tukashangilia, Kabugho. Nakumbuka nilivyorudi nyumbani nikicheka peke yangu njiani. Nilikuwa sijapata kitu ambacho Biira hakukipata, ila nilikuwa nimemzuia kukipata kwanza, na kwangu hiyo ilikuwa sikukuu.

Vijana wakachimba, wa kwao na wa kwetu. Wakashindana. Upande huu ukisikia wenzao wamechimba upana wa namna gani, wanaongeza. Nikawapelekea wa kwetu uji ili wawashinde wa Biira, na yeye akawapelekea wa kwake uji wenye karanga. Yale majembe yalikula pesa ya upana, na ile ya urefu ikaisha kabla mahandaki mawili hayajaonana. Katikati pakabaki ardhi nzima, ngumu, tambarare. Na katikati hapo ni ubavuni mwa shamba langu.

Zamani tembo walikuwa wanaingia hapa na pale, leo kwa huyu, kesho kwa yule, tukigawana hasara kama majirani. Sasa wakawa wanalifuata handaki taratibu, wanapapasa kwa mkonga, mpaka wanafika penye ardhi. Wote wakapata mlango mmoja. Kijana mmoja asiye na adabu akapaita Geti ya Masika, pale tembo wanaingia bila kulipa. Hukuwa hata umemaliza shule ya msingi. Leo mtu akifika stendi ya Bwera akataja jina hilo, boda boda hawaulizi njia.

Ungedhani nilipoona hivyo nilikimbia kuomba pazibwe. Hapana. Yule fundi wa serikali alikuja akapima, akasema pale karibu na korongo ni mchanga, handaki litabomoka, lazima mstari upinde upite ndani ya kipande changu cha mihogo. Nikamuuliza kwa Biira walichukua nini. Akasema hawakuchukua kitu, kwa sababu ukoo wa mumewe hawajawahi kulima ukingo wa korongo, miti imeachwa tangu babu zao. Nikamwambia basi arudi na kamba zake, shamba la mjane halipindwi. Alirudi msimu uliofuata na mwingine uliofuata, jibu likawa lile lile.

Pesa haingoji mwenye kinyongo. Ilipokuja tena, wakasema kama Masika hataki, tuifanyie nini? Wakaangalia ule msitu wa ukingoni kwa kina Biira, mikuyu na migunga iliyoachwa bila kukatwa, wakasema tuulinde huu usije ukaliwa na mashoka, na watu wapate mahali pa kupumzika. Wakatengeneza njia ya kutembea chini ya miti. Wakaweka mabenchi, choo safi, mnara wa mbao wa kutazamia tembo wakiwa mbali, na pale penye nyasi wakasawazisha uwanja wa mpira. Yote kwa pesa ile ile ambayo ingeziba mlango wangu.

Hapo ndipo wivu ulipoacha kuwa mgeni kwangu ukawa mpangaji. Kila Jumapili nilikuwa nasikia kelele za watoto ng'ambo. Maharusi wakija kupigwa picha kwa Biira. Wageni wenye kofia wakishuka kwa Biira. Watu walisema hivyo hivyo, "kwa Biira", kama vile aliyazaa yale mabenchi. Na wewe, ukitoka shule, badala ya kuja kwangu unavuka korongo. Nilikuwa nasimama hapa mlangoni nakuona juu ya mnara, umeshika darubini ya afande wa mbuga aliyewekwa pale, na mama yako mdogo yuko chini anakuita ushuke ule. Ulishuka mbio. Mimi nikikuita ule, unakuja unavuta miguu.

Kuna kitu hukijui. Siku moja wewe na Biira mmekwenda gulio la Mpondwe, nilivuka. Nilitaka nione ubaya wa mahali pale. Nilitafuta benchi lililopinda, sikuliona. Nikakaa. Palikuwa na kivuli, upepo unatoka mbugani, na mbele yangu swala wanakula bila wasiwasi. Nilikaa pale, mtu niliyekuja kukagua, nikasahau kukagua. Mara nikasikia buti nyuma yangu. Alikuwa afande wenu, yule mwenye kovu.

"Wewe mama! Nani amekuruhusu?"

Nikaruka nikasimama. "Samahani afande, mimi napita tu."

"Kaa chini!" Nikakaa. "Hapa hakuna kupita. Hapa ni kukaa. Hii benchi ni ya watu. Ni yako. Kaa!"

Kisha akaenda zake. Ungemjua mama yako, ungejua kwamba neno lile lilinikasirisha kuliko kama angenifukuza. Kitu cha Biira ningeweza kukichukia vizuri. Kitu changu nitakichukiaje? Nilitembea mpaka nyumbani, nikawagombeza kuku.

Na kwa kuwa leo nasema yote, nikwambie na hili: wewe mwenyewe nakuonea wivu. Nilipokuwa na umri wako nilikuwa naingia huko kuokota kuni, na askari wa wanyama wakituona wanatufukuza mpaka tunatupa mizigo na viatu. Nimelijua pori lile kwa kukimbia. Wewe utalijua kwa kutembea, tena na sare, tena unalipwa na serikali kulitazama. Ulipokuja na ile habari kwamba umechaguliwa, nilipiga kigelegele, majirani ni mashahidi. Ndani yangu kulikuwa na msichana mwenye mzigo wa kuni aliyeuliza, mbona mimi sikupewa? Sijui anajibiwaje.

Sasa nije kwenye ile asubuhi. Hatujawahi kuizungumza mimi na wewe, tunaizunguka tu.

Ulikuwa zamu ya kulinda pale kwenye pengo, wewe na wenzako, na madebe yenu. Mimi nilikuwa nachota maji. Nilisikia madebe, kisha nikasikia madebe yakinyamaza, na huo ukimya sitausahau mpaka nife. Niliacha ndoo nikakimbia. Nilimwona yule dume amekwisha ingia, masikio wazi, na wenzako wanakimbia upande wangu. Wewe sikukuona. Ulikuwa umekimbilia ng'ambo, ukaangukia kwenye miiba ya korongo, na aliyetoka na sufuria na mwiko akilipigia lile lidude kelele usoni alikuwa Biira. Mama wa watu, na uzito wake ule. Tembo akageuka.

Nilipofika kwake, ulikuwa umeketi kizingitini, anakuosha miguu. Anatoa miiba mmoja mmoja, anakuimbia ule wimbo ambao mama alikuwa akituimbia sisi. Mlinzi wako, mwokozi wako, mdogo wangu wa tumbo moja. Ningepaswa kuanguka chini nimshukuru Mungu, kisha nimshukuru yeye. Ninachokuambia sasa hakuna anayekijua. Kitu cha kwanza nilichosikia moyoni hakikuwa shukrani. Niliyaonea wivu yale maji. Niliona miguu niliyoizaa iko kwenye beseni la Biira, nikatamani kulipiga teke beseni.

Nikasema, "Twende nyumbani." Ukasema, "Ngoja, Mama, mama mudogo hajamaliza." Nikangoja nimesimama, kama mtu aliyekuja kudai. Hakunikaribisha kukaa kwa sababu alijua nitakataa.

Mtoto wangu angekufa kwenye mlango wenye jina langu, na mimi nilikuwa nahesabu nani amemfikia kwanza. Huo ndio wivu, Kabugho, kama hujaujua. Watu husema unamla mwenye nao. Mimi ulishiba kwangu, ukaanza kukuangalia wewe.

Juzi uliponiomba lile ombi nilikuwa nachambua majani ya mihogo ya kupika sombe, sikukutazama. Ulisema, "Mama, mimi naenda. Kitu moja tu nakuomba. Funga geti yako. Sitaki kulala kule nikiwaza tembo iko mlangoni kwako na mimi siko." Nikakuambia ungependa mama yako mdogo apanue uwanja wake mpaka kitandani kwangu. Ukachukua ndoo ukaenda kuteka maji. Afadhali ungenijibu.

Leo mchana, ulipokwenda kuaga kanisani, nilivaa viatu nikavuka korongo. Biira alikuwa anasonga bundu, mkono umejaa unga wa mihogo. Aliponiona alishika mwiko kama alivyomshikia tembo.

"Yaya," akasema. "Umekuya kugombana, ao umekuya kula?"

"Nimekuja kuuliza."

"Uliza."

"Wakipindisha handaki lile kwenye kipande changu, ile njia yenu ya kutembea itapita wapi?"

Akaweka mwiko chini. "Itafuata handaki. Itavuka korongo ku daraja ya mbao, itapita mbele ya nyumba yako, itatokea ku barabara. Batu watashukia kwako kwanza, kisha njo wafike huku. Fundi alisema hivyo tangu zamani. Wewe hukumuachia amalize."

"Kwangu kwanza?"

"Kwako kwanza, Yaya."

"Na benchi?"

Alinitazama sana. Ninamjua alivyokuwa anapambana asicheke, maana ana kishimo shavuni kinachomsaliti. "Benchi utaomba. Pesa ni ya wote."

"Nataka mbili," nikasema.

Hapo akashindwa. Alicheka mpaka akashika ukuta, na mimi nikacheka kwa hasira, na tulikula bundu ile kwa mkono, yeye akinawa kwanza kama kawaida yake. Nikamwacha anawe. Kisha tukaenda wote kwa mwenyekiti, nikamwambia mbele ya mkewe na watoto wake kwamba kipande cha mihogo nakitoa, fundi aje na kamba zake. Mwenyekiti alifuta uso. Nadhani alitaka kuniuliza kama naumwa.

Usije ukawaambia wenzako huko kwamba mama yako amebadilika. Sijabadilika. Sikukitoa kipande kile kwa wema, wala kwa sababu nimeelewa mambo makubwa ya nchi na wanyama. Wema ningeungoja mpaka uzeeni. Nimekitoa kwa sababu siku utakayorudi na sare yako, na wageni wako nyuma yako, sitakubali uanzie kwa Biira. Watu wengine huitengeneza nchi kwa upendo. Mimi nimetoa nilichokuwa nacho.

Kuhusu kesho. Umemwomba yeye akusindikize mpaka Kasese kwa sababu anawajua watu wa basi, na mimi umeniomba nibaki, eti jua kali. Nilikuelewa. Uliogopa tutagombana stendi mbele za watu, na ulikuwa na haki ya kuogopa. Nenda naye. Sitakuja kuvizia nyuma na boda boda, ingawa nilishauliza nauli. Atakulilia mpaka kitenge kilowe, wewe mfute machozi, amekufaa kuliko nilivyotaka akufae. Ukitaka kumwita mama bila kuongeza mdogo, mwite. Nisikusikie tu.

Huko uendako utakutana na watu wa mpakani kama sisi, wanaokaa na tembo na kugombania pesa ya geti. Atasimama mwanamke mmoja aliyekonda, mkali, atasema kila siku ni kwa fulani. Watu watamcheka. Wewe usimcheke, mwanangu, na usimhubirie. Muulize nani amezaliwa nyuma yake.

Mkono umechoka na hili karatasi limejaa. Sina hekima nyingine ya kukufungia. Nina ombi, na hili usilisome mbele ya mama yako mdogo ndani ya basi, maana najua atachungulia.

Ukifika, piga simu. Nipigie mimi kwanza. Hata kama huna la kusema, hata kama mtandao unakatika, piga niisikie inaita. Yeye mpigie baadaye, hata dakika hiyo hiyo. Lakini mimi kwanza.

Mama yako,
Masika